Ni Nani au Ni Nini? Mgeni na Usiku wa Hotelini

Mada ya leo ni jambo ambalo wasafiri wengi hulisimulia kwa sauti ya chini, tena baada ya kuhakikisha kwamba hakuna atakayewacheka. Nalo ni mambo ya ajabu na ya kutia hofu yanayompata mtu usiku, akiwa amelala katika chumba cha hoteli, mbali na nyumbani kwake.

Makala inaanzia Queensbury, kitongoji kilichopo kaskazini magharibi mwa jiji la London. Kituo cha reli cha Queensbury kilifunguliwa tarehe 16 Desemba 1934, wakati nyumba mpya zilipokuwa zikijengwa kwa kasi mahali palipokuwa mashamba. Jina lenyewe halina asili ya kale. Lilibuniwa wakati huo ili liende sambamba na lile la kituo jirani cha Kingsbury: palipokuwa na mfalme, akaongezwa malkia.

Kwa watu wa Afrika Mashariki, upande huo wa London si wa kigeni. Mwezi Agosti mwaka 1972, Rais Idi Amin wa Uganda aliwapa Waasia siku 90 kuondoka nchini humo. Watu wapatao 28,000 walipokewa Uingereza, na baadhi yao waliweka makazi yao katika manispaa za Brent na Harrow, ambazo mpaka wake unapita hapo Queensbury. Tangu wakati huo wageni kutoka Kampala, Nairobi, Mombasa na Dar es Salaam wamekuwa wakifika huko kwa ajili ya arusi, matanga, masomo au matibabu. Nyumba ya jamaa ikijaa, mgeni hutafutiwa kitanda katika nyumba ya wageni au hoteli ndogo.

Chukulia mfano wa mgeni wa namna hiyo, aliyefika mwezi Januari. Ndani ya ndege hakupata usingizi. Alikotoka jua huzama karibu saa kumi na mbili jioni mwaka mzima, lakini London limezama kabla ya saa kumi na moja. Anakula, anaswali au kusali kama alivyozoea, na kulala mapema. Saa saba za usiku anaamshwa na mgongano ndani ya ukuta, ko, ko, ko, kama mtu anayebisha hodi upande wa pili. Kisha anasikia hatua juu ya dari. Baada ya saa moja, kilio kinatoka bustanini, kilio kikali kama cha mwanamke anayekabwa koo. Mgeni anajifunika shuka hadi kichwani. Karibu na alfajiri anafumbua macho na kukuta kwamba hawezi kusogeza hata kidole. Kifua chake ni kizito, na karibu na mlango pamesimama kivuli kinachomtazama.

Asubuhi jamaa zake wanapomuuliza amelalaje, mgeni huyo anajibu: "Salama." Mchana anatafuta kisingizio cha kuondoka hotelini, akalale hata sakafuni nyumbani kwao.

Wahenga walisema lisemwalo lipo, kama halipo laja. Mgeni wa mfano huu si mwongo, wala si mwoga kupita wengine. Ukuta uligonga kweli, kilio kilitoka kweli, na mwili wake ulikuwa umefungwa kweli. Linalobaki ni swali atakalojiuliza. Wengi, kwa tabia ya binadamu, huuliza: "Ni nani?" Ni wachache wanaoanza kwa kuuliza: "Ni nini?" Kati ya maneno hayo mawili ipo tofauti ya herufi moja, lakini tofauti hiyo imewahi kuokoa maisha ya watu, na pengine kuyapoteza.

Tukianza na ukuta, nyumba nyingi za Queensbury zilijengwa katika miaka ya 1930, zikiwa na sakafu za mbao. Wakati wa baridi hupashwa joto kwa maji ya moto yanayopita katika mabomba hadi kwenye vyuma vilivyofungwa ukutani. Usiku mtambo unapozimwa, chuma hupoa na kusinyaa, na kila kinaposinyaa hugonga. Mbao za sakafu nazo hujikunja na kulia, moja baada ya nyingine, kwa mfuatano unaofanana na hatua za mtu. Mwenyeji wa London hasikii kelele hizo, kama vile mkazi wa pwani asivyosikia tena mawimbi. Lakini mgeni aliyekulia katika nyumba ya mawe ya Lamu au ya matofali ya Morogoro hana jina la kuziita sauti hizo, na sauti isiyo na jina hutafutiwa mwenyewe.

Kilio cha bustanini nacho kina mwenyewe. Mbweha wekundu wamezoea kuishi katika vitongoji vya London, wakipita nyuma ya nyumba na kando ya reli. Kipindi chao cha kujamiiana ni majira ya baridi, hasa mwezi Januari, na sauti ya mbweha jike katika siku hizo imewafanya hata Waingereza wenyewe kuwapigia polisi simu, wakidhani kuna mtu anayeuawa. Aidha, reli ya Jubilee inayopita Queensbury haiko chini ya ardhi katika sehemu hiyo. Usiku wa Ijumaa na wa Jumamosi treni zake husafiri hadi asubuhi, na mtikisiko wake huweza kuhisiwa na aliyelala karibu.

Hata hivyo, ingekuwa kosa kudhani kwamba wanaotishika ni wageni kutoka mbali tu. Msafiri akipanda treni hiyo hiyo hapo Queensbury na kushuka katika kituo cha Bond Street, atatembea kwa muda mfupi tu kuifikia hoteli ya Langham, iliyofunguliwa mwaka 1865, na ambayo husemwa kuwa miongoni mwa hoteli zenye simulizi nyingi za mizimu jijini London. Iliharibiwa kwa mabomu mwaka 1940, na baadaye ikatumiwa kwa miaka mingi na Shirika la Utangazaji la Uingereza, BBC, ambalo makao yake yako ng'ambo ya barabara. Watangazaji waliotakiwa kuanza kazi alfajiri walilala humo.

Mwaka 1973 alilala katika chumba nambari 333 mtangazaji James Alexander Gordon, ambaye sauti yake ilikuja kujulikana na mashabiki wa kandanda, kwani alisoma matokeo ya mechi redioni kuanzia mwaka 1974 hadi 2013. Gordon alisimulia kwamba aliamka ghafla usiku na kuona mpira wa mwanga, ambao taratibu ulichukua umbo la mwanamume aliyevaa mavazi rasmi ya karne ya 19. Aliuliza kilichotakiwa. Umbo hilo likaanza kumsogelea, naye akakimbia. Miaka mingi baadaye, jengo likiwa limerudi kuwa hoteli tangu mwaka 1991, mchezaji wa kriketi wa Uingereza, Stuart Broad, alilala humo mwezi Juni 2014 wakati wa michuano dhidi ya Sri Lanka. Alieleza kwamba chumba kilikuwa na joto kali lililomnyima usingizi, na kwamba mabomba ya bafuni yalifunguka yenyewe. Alipowasha taa, maji yalikatika. Alipozima, maji yakatiririka tena. Aliomba abadilishiwe chumba.

Mtangazaji mwenye akili timamu na mwanamichezo shupavu, kila mmoja alikimbia chumba chake kama mgeni wa Queensbury. Ni kwa nini basi hoteli, mahali panapouza usingizi, huwa pia mahali pa hofu?

Sehemu ya jibu imo ndani ya ubongo. Kwa muda mrefu wataalamu wa usingizi walifahamu kwamba mtu anayelala mahali papya hulala vibaya usiku wa kwanza. Mwaka 2016 watafiti wa Chuo Kikuu cha Brown nchini Marekani, wakiwemo Masako Tamaki na Yuka Sasaki, walitoa maelezo ya hali hiyo. Waligundua kwamba katika usiku huo wa kwanza nusu moja ya ubongo, ile ya kushoto, hailali fofofo kama nyingine. Hubaki ikisikiliza. Sauti ndogo isiyo ya kawaida iliwaamsha waliolala kwa urahisi zaidi ilipoingia kupitia sikio la kulia, ambalo hupeleka habari zake hasa upande huo wa kushoto. Walipolala mahali hapo mara ya pili, siku kadhaa baadaye, tofauti hiyo ilikuwa imetoweka. Pomboo na baadhi ya ndege hulala nusu kwa nusu namna hiyo ili wasivamiwe. Mgeni hotelini naye, bila kujua, ameweka mlinzi mlangoni mwa usingizi wake, na mlinzi huyo huripoti kila kitu.

Ama kuhusu mwili uliofungwa na kivuli kilichosimama mlangoni, Waswahili wana jina la siku nyingi: jinamizi. Mtu husema amekabwa na jinamizi. Wajapani, Waturuki, watu wa kisiwa cha Newfoundland huko Kanada na wengine wengi wana majina yao, na maelezo yao hufanana mno: uzito kifuani, mwili usiotii, na hisia kwamba yupo mtu chumbani. Mwaka 1782 wakazi wa London walionyeshwa picha ya mchoraji Henry Fuseli yenye mwanamke aliyelala chali, kiumbe kikiwa kimemkalia kifuani. Mvuvi wa Pemba angeitazama picha hiyo na kuitambua mara moja.

Sayansi ya leo inaeleza kwamba mtu anapoota, ubongo huifunga misuli ya mwili ili asiinuke na kuitekeleza ndoto. Pengine akili huamka kabla ya mwili kufunguliwa. Kwa sekunde au dakika chache mtu huona chumba halisi kwa macho yake, huku ndoto ikiendelea ndani ya chumba hicho. Uchambuzi wa tafiti mbalimbali uliochapishwa mwaka 2011 ulikadiria kwamba watu wapatao 8 kati ya kila 100 hupatwa na hali hiyo walau mara moja maishani, na miongoni mwa wanafunzi idadi hufikia 28 kati ya 100. Huwapata zaidi waliokosa usingizi, waliobadilisha saa za kulala, wanaolala chali na wenye mashaka moyoni. Sifa hizo zote anazo msafiri.

Zaidi ya wasafiri, wanazo pia wakimbizi. Tangu mwaka 2020 maelfu ya waomba hifadhi nchini Uingereza, wakiwemo waliotoka Somalia, Sudan na Eritrea, wamewekwa katika vyumba vya hoteli kwa miezi kadhaa, na baadhi yao kwa zaidi ya mwaka. Kwa mtu aliyekimbia vita, kukabwa usiku si kisa cha kusimulia kwenye kahawa. Tafiti zilizofanywa miongoni mwa wakimbizi wa Cambodia nchini Marekani zilionyesha kwamba hali hiyo huwapata mara nyingi zaidi wale wenye majeraha ya nafsi. Mtu wa namna hiyo akimwambia mganga wa hospitali kwamba usiku anatembelewa, akachekwa au akahesabiwa mwendawazimu, atanyamaza, na kunyamaza kwake ndio mwanzo wa maradhi makubwa zaidi.

Upo pia upande wa pili wa hatari, pale ambapo jamii nzima huuliza "ni nani" na kutafuta jibu kwa mikono yake. Mfano wake hautoki hotelini bali majumbani, tena Zanzibar. Mwaka 1995, mwaka wa uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi tangu Mapinduzi, hofu ya kiumbe aliyeitwa Popobawa ilianza kisiwani Pemba na kuenea hadi Unguja na pwani ya bara. Watu walieleza kwamba walivamiwa vitandani usiku, wakakandamizwa na kudhalilishwa bila ya kuweza kupiga kelele. Familia nzima zilihamia nje, zikikesha pamoja kando ya moto. Baadhi ya wachunguzi waliosoma maelezo hayo waliiona humo sura ya jinamizi, iliyokuzwa na wasiwasi wa siasa za wakati ule. Yawezekana wengine wana maelezo tofauti. Lakini jambo moja halina ubishi: mwaka huo, mjini Unguja, kundi la watu lilimuua mtu mwenye ugonjwa wa akili, likidhani kwamba ndiye Popobawa. Hofu ilikuwa ya kweli, na maumivu ya waliovamiwa yalikuwa ya kweli, lakini aliyelipa alikuwa mtu asiye na hatia.

Wapenzi wasikilizaji, liko jambo la mwisho, nalo ndilo zito kuliko yote. Mwaka 1921 daktari wa macho wa Marekani, William Wilmer, alichapisha katika jarida la kitabibu kisa cha familia moja iliyohamia katika nyumba kubwa ya zamani. Usiku walisikia hatua na sauti, waliona watu wasiokuwapo, na walihisi kwamba wanatazamwa. Waliamka na maumivu ya kichwa, watoto walidhoofika, na mimea ya ndani ikanyauka. Hatimaye tanuru la kupashia nyumba joto lilichunguzwa, ikaonekana kuwa ni bovu, na moshi wake ulikuwa ukiingia vyumbani badala ya kutoka kupitia dohani. Lilipotengenezwa, "wageni" wa usiku hawakurudi tena.

Gesi iliyokuwamo ni kaboni monoksidi. Haina rangi wala harufu. Hutoka katika moto wowote usiopata hewa ya kutosha: boila la gesi lililoharibika, jenereta, au jiko la mkaa lililoingizwa chumbani usiku wa baridi. Huchukua nafasi ya oksijeni katika damu, na ubongo unaokosa oksijeni huchanganyikiwa kabla ya kuzimika. Mwezi Oktoba 2006 watoto wawili wa Kiingereza waliokuwa likizoni katika kisiwa cha Corfu, Ugiriki, walikufa ndani ya nyumba ya hoteli kwa gesi hiyo iliyotoka kwenye boila bovu. Baba yao na mwenzake walikutwa wamepoteza fahamu. Afrika Mashariki nayo, kuanzia nyanda za juu za Kenya hadi Mbeya, huzika watu kila msimu wa baridi waliolala na jiko la mkaa huku milango na madirisha yakiwa yamefungwa.

Hapa ndipo tofauti kati ya "nani" na "nini" inapokuwa ya uhai na mauti. Mtu anayeamka hotelini akiwa na kichwa kinachogonga, kichefuchefu na kizunguzungu, akaona vivuli, na mwenzake wa chumbani naye akalalamika vivyo hivyo, hana sababu ya kubaki chumbani akitafakari ni kiumbe gani kimemjia. Afungue dirisha, atoke nje na wenzake, na aombe msaada. Ahueni inayopatikana mara tu mtu anapopata hewa safi ni dalili kubwa. Nchini England, tangu tarehe 1 Oktoba 2022, sheria inawataka wenye nyumba za kupangisha kuweka king'ora cha kutambua gesi hiyo katika vyumba vyenye boila au moto wa kudumu, ukiacha majiko ya gesi ya kupikia. Mgeni wa hotelini anaweza kuuliza kama kipo, au akabeba cha kwake, kwani vipo vidogo vinavyoingia mfukoni.

Kwa mambo mengine, tiba ni nyepesi. Mgeni aulize mapema mtambo wa joto unazimwa saa ngapi na kelele zake ni zipi. Asilale chali iwapo jinamizi limezoea kumtembelea. Alipe deni la usingizi kabla ya shughuli. Likimkaba, asipambane na mwili mzima, bali ajaribu kusogeza kidole kimoja au kuituliza pumzi, na litapita. Mwenye dua yake aisome, maana moyo uliotulia hulala vizuri zaidi, na dua haimzuii mtu kumwita fundi wa mabomba.

Na jamaa wa Queensbury, wanapomuuliza mgeni wao amelalaje, naye akajibu "salama" huku macho yakiwa mekundu, wasiliache neno hilo lipite hivi hivi. Wamuulize tena, bila kucheka. Mgeni njoo, mwenyeji apone, ndivyo walivyosema wahenga. Mara hii huenda ni mgeni atakayepona, kwa sababu tu alipata mtu wa kumsimulia usiku wake.